John Akii-Bua: Askari Polisi Aliyeipatia Uganda Dhahabu ya Kwanza

Tarehe 2 Septemba 1972, katika mji wa Munich, Ujerumani Magharibi, askari polisi mmoja wa Uganda mwenye umri wa miaka 22 alikimbia mita 400 za kuruka viunzi kwa sekunde 47.82. Kabla ya siku hiyo hapakuwa na binadamu aliyepata kuumaliza umbali huo, pamoja na viunzi vyake kumi, chini ya sekunde 48. Kwa ushindi huo wimbo wa Taifa la Uganda ulipigwa kwa mara ya kwanza kwa heshima ya mshindi wa medali ya dhahabu katika Michezo ya Olimpiki. Askari huyo alikuwa John Akii-Bua.

Vijana wengi wanaoingia sasa katika jeshi na polisi walizaliwa baada ya kufariki kwake mwaka 1997. Jina lake wanalijua, kwani hapa Kampala, katika Nakasero, ipo barabara inayoitwa kwa jina hilo, na huko Lira upo uwanja wa michezo unaoitwa hivyo hivyo. Maisha yake ndiyo wasiyoyajua sana. Tumeona inafaa kuyasimulia katika ukurasa huu kwa sababu ni maisha ya mtu wa sare. Sare ndiyo iliyomfundisha na kumpandisha. Lakini pia alipatwa na mitihani inayompata askari pale dola anayoitumikia inapowageukia wananchi wake.

MTOTO WA ABAKO

Akii-Bua alizaliwa tarehe 3 Desemba 1949 katika nchi ya Lango, kaskazini mwa Uganda, upande wa Abako. Baba yake, Mzee Yusef Lusepu Bua, alikuwa chifu wa kaunti, mwenye wake wanane na watoto 43. Nyumba ya namna hiyo ni kama kikosi: kila mmoja ana zamu yake, na mvivu hafichiki. Kijana John alichunga ng'ombe wa baba yake kama walivyofanya ndugu zake, akazoea kutembea na kukimbia umbali mrefu mbugani.

Michezo haikuwa jambo geni nyumbani kwao. Mmoja wa ndugu zake wakubwa, Lawrence Ogwang, alikuwa katika timu ya Uganda iliyokwenda Melbourne, Australia, mwaka 1956, wakati nchi yetu iliposhiriki Michezo ya Olimpiki kwa mara ya kwanza. Uganda wakati huo ilikuwa bado chini ya Mwingereza.

Baba alipofariki, John alikuwa bado kijana mdogo. Masomo yakakatika. Akabaki na ng'ombe, kisha akafanya kazi ya kupokea fedha katika baa ya ndugu yake. Laiti mambo yangaliendelea hivyo, dunia isingalipata kulisikia jina lake. Lakini katikati ya miaka ya sitini, akiwa na umri wa miaka 16 hivi, aliteremka Kampala akajiunga na Jeshi la Polisi.

KWATA NA KIUNZI

Kila askari anayesoma makala hii anakumbuka majuma yake ya kwanza ya ukuruta: kuamka kabla ya jua, kwata, mazoezi ya viungo, na macho ya mwalimu ambayo hayamwachi mtu. Kuruta Akii-Bua alikuwa mrefu, mwenye miguu mirefu na viungo laini kupita wenzake. Sifa hizo zilionekana mapema katika mazoezi, akachaguliwa kwa riadha.

Aliyemchukua mikononi mwake alikuwa ofisa wa polisi aitwaye Ochana. Huyo mwenyewe alikuwa bingwa, mwenye kushikilia rekodi ya Afrika katika yadi 440 za kuruka viunzi. Ochana alijua kwamba kosa la mrukaji mchanga ni kupaa juu ya kiunzi kama anayeruka ua, akipoteza muda hewani. Dawa aliyoitumia ilikuwa kali. Aliweka ufito mwingine juu ya kiunzi, kukiwa na nafasi ndogo tu katikati. Kijana alilazimika kupita katika nafasi hiyo akiwa ameinamisha kichwa na kifua. Akiruka juu mno, ufito ulimpiga kwenye paji la uso; akiruka chini mno, kiunzi kilimchubua miguu. Damu ilimtoka juu na chini, na kovu la paji la uso alibaki nalo. Lakini alijifunza kupita juu ya kiunzi kama anayekivuka kwa hatua ya kawaida.

Tunataja habari hii kwa makusudi. Mara nyingi husemwa kwamba mabingwa wa Afrika huzaliwa tu, kana kwamba mbio ni zawadi ya milima na mbuga. Kipaji alikuwa nacho, hapana shaka. Lakini kipaji hicho kilifinyangwa na mwalimu Mwafrika, ofisa wa polisi, kwa mazoezi ya kila siku yaliyofuata nidhamu ya gwaride. Mwaka 1967 Akii-Bua alitia fora katika mashindano ya polisi, na mwaka uliofuata akawekwa chini ya Malcolm Arnold, Mwingereza aliyekuwa amefika Uganda kufundisha timu ya taifa.

Wakati huo Akii-Bua alikuwa akishindana katika mita 110 za viunzi. Arnold aliona kwamba kijana huyu ana nguvu na pumzi ambazo haziwezi kutumika zote katika mbio fupi kiasi hicho. Akamhamishia kwenye mita 400. Mwaka 1970, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Edinburgh, Akii-Bua alimaliza wa nne. Mwaka 1971, katika mashindano baina ya Afrika na Marekani yaliyofanyika Durham, North Carolina, alishinda kwa sekunde 49.0, na muda huo ukamweka mbele ya wakimbiaji wote wa dunia kwa mwaka huo. Sasa Ulaya na Marekani zikaanza kuuliza huyu polisi wa Uganda ni nani.

SARE NA RIDHAA

Hapa yafaa tueleze jambo ambalo vijana wa leo, waliozoea kusikia habari za wachezaji wanaolipwa mamilioni, wanaweza wasilielewe upesi. Katika zama hizo sheria za Olimpiki zilikataza mwanariadha kulipwa kwa ajili ya mchezo wake. Washindani walitakiwa wawe watu wa ridhaa. Katika nchi tajiri kulikuwa na njia ya kulizunguka sharti hilo: kijana mwenye mbio alipokewa na chuo kikuu, akasomeshwa bure, akapewa uwanja, mwalimu na chakula.

Afrika Mashariki haikuwa na neema hiyo. Iliyokuwapo ni sare. Kipchoge Keino wa Kenya alikuwa askari polisi. Naftali Temu, naye wa Kenya, alikuwa mwanajeshi. Filbert Bayi wa Tanzania, aliyevunja rekodi ya dunia ya mita 1500 huko Christchurch, New Zealand, mwaka 1974, alikuwa mwanajeshi pia. Askari aliyekuwa na mshahara wa mwezi, chumba cha kambini, chakula cha uhakika na ruhusa ya ofisa wake kwenda mazoezini, huyo ndiye aliyemkaribia zaidi mchezaji wa kulipwa katika nchi zetu. Akii-Bua hakulipwa kwa kuruka viunzi. Alilipwa kwa kuwa polisi, na polisi wakampa nafasi ya kuruka viunzi.

Kwa sababu hiyo ushindi wake hauwezi kutenganishwa na kambi iliyomlea. Na kwa sababu hiyo hiyo, kama tutakavyoona, hakuweza pia kutenganishwa na serikali iliyokuwa ikiiamrisha kambi hiyo.

MAZOEZI YA KABALE

Kabla ya kwenda Munich, Akii-Bua alipelekwa Kabale, katika milima ya kusini magharibi mwa Uganda, ambako hewa ni nyepesi na baridi ni kali. Huko alivaa fulana yenye risasi za uzito, jumla yake ikiwa karibu kilo 11, kisha akakimbia mita 1500 huku akiruka viunzi virefu, si mara moja bali kwa kurudia mara kadhaa katika siku moja. Alipanda vilima kwa mbio akiwa na mzigo huo huo. Askari aliyepata kutembea safari ndefu akiwa na vifaa mgongoni anaweza kukisia mazoezi hayo yalikuwaje. Nia yake ilikuwa kwamba siku ya mashindano, uzito ukivuliwa na viunzi vikishushwa, mwili uone kazi ni nyepesi.

Mbio za mita 400 za viunzi huitwa na wengi mbio za kuua mtu. Kuna viunzi kumi, kila kimoja kikiwa na kimo cha sentimita 91.4. Kuna mita 45 kutoka kwenye mstari wa kuanzia hadi kiunzi cha kwanza, mita 35 baina ya kiunzi na kiunzi, na mita 40 kutoka cha mwisho hadi utepeni. Mkimbiaji huhesabu hatua zake. Akipiga hatua 13 baina ya viunzi, ataruka kwa kutanguliza mguu ule ule kila mara, kwa kuwa hesabu hiyo haigawanyiki kwa mbili. Uchovu unapomshika na hatua kufupika, wengi hulazimika kwenda hatua 15 ili waendelee na mguu waliouzoea, na hapo hupoteza mwendo. Akii-Bua alikuwa amefunzwa kuruka kwa mguu wowote. Kwa hiyo alipochoka aliweza kwenda hatua 14, akibadili miguu kiunzi hadi kiunzi, bila mwendo wake kukatika. Hiyo ilikuwa silaha ambayo wapinzani wake wengi hawakuwa nayo.

SIKU YA MUNICH

Katika fainali walikuwamo mabingwa wakubwa. Alikuwamo David Hemery wa Uingereza, mshindi wa dhahabu ya mwaka 1968 na mwenye rekodi ya dunia ya sekunde 48.12, aliyoiweka mjini Mexico City. Alikuwamo Ralph Mann wa Marekani. Akii-Bua aliangukia njia ya kwanza, ile ya ndani kabisa. Mrukaji mwenye miguu mirefu haipendi njia hiyo, kwa sababu kona yake ni kali kuliko zote na humvuta mtu ndani wakati anapotaka kunyoosha hatua. Ina faida moja tu: wa njia ya ndani huanzia nyuma ya wengine, hivyo huwaona wote walioko mbele yake.

Bunduki ilipolia, Hemery aliondoka kwa kasi ya mtu aliyekusudia kuyamaliza mashindano mapema. Hadi nusu ya mzunguko Mwingereza huyo alikuwa akiongoza. Polisi wa Uganda hakupaparika. Alizishika hatua zake, akaipita kona ya mwisho akiwa bado na nguvu, na walipoingia katika njia iliyonyooka kuelekea utepeni alikuwa mbele. Viunzi vya mwisho, ambapo wengine huanza kuyumba, yeye alivivuka kwa utulivu. Alimaliza kwa sekunde 47.82. Mann alikuwa wa pili kwa 48.51 na Hemery wa tatu kwa 48.52. Katika mbio hizo, mwanya wa karibu sekunde 0.7 baina ya wa kwanza na wa pili ni mita kadhaa za uwanja.

Yafaa pia kukumbuka kwamba rekodi ya Hemery iliwekwa Mexico City, mji ulio zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, ambako hewa nyepesi huwasaidia wakimbiaji wa mbio fupi. Akii-Bua aliivunja Munich, ambako msaada huo haupo, tena akiwa katika njia mbaya kuliko zote. Alikuwa Mwafrika mweusi wa kwanza kupata dhahabu ya Olimpiki katika mbio za chini ya mita 800.

Baada ya kuvuka utepe hakuanguka chini kama wengine. Aliendelea kuuzunguka uwanja akiwapungia watu mkono, na kwa furaha akawa anaruka viunzi ambavyo havikuwapo. Watu katika uwanja mzima walisimama kumshangilia.

SEPTEMBA ILE ILE

Ingalikuwa vyema kama tungaliweza kuikomesha hadithi hapo. Lakini maisha ya mtu hayasimamishwi kama saa ya mkononi, na mwezi ule wa Septemba 1972 ulikuwa na siku nyingine.

Siku tatu baada ya ushindi wake, tarehe 5 Septemba, watu wenye silaha waliivamia kambi ya wanamichezo huko Munich wakawateka nyara wanamichezo na viongozi wa timu ya Israeli. Hadi mkasa huo ulipokwisha, Waisraeli 11 walikuwa wameuawa, pamoja na polisi mmoja wa Ujerumani Magharibi aliyekuwa kazini. Kabla mwezi haujafika nusu, Idi Amin, aliyekuwa ametwaa madaraka ya Uganda kwa nguvu tarehe 25 Januari 1971, alimpelekea simu ya maandishi Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, Kurt Waldheim, akiyasifu mauaji hayo. Katika mwezi huo huo maelfu ya watu wenye asili ya Asia walikuwa wakifunga mizigo, baada ya kupewa siku 90 kuondoka nchini. Na tarehe 21 Septemba, Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka alichukuliwa kwa nguvu kutoka Mahakama Kuu hapa Kampala na watu wa dola. Hakurudi tena.

Hiyo ndiyo Uganda ambayo bingwa wa dunia alirejea. Alipokewa kwa shangwe, akapandishwa cheo, akapewa nyumba, na jina lake likawekwa kwenye barabara. Hayo yote alistahili. Lakini ukubwa wa zawadi hautuelezi nia ya anayeitoa.

Akii-Bua alikuwa Mlango, na Dakta Milton Obote, aliyepinduliwa na Amin, alikuwa Mlango pia. Tangu mwaka 1971 askari wa makabila ya Walango na Waacholi walikuwa wakiuawa kwa wingi ndani ya kambi zao wenyewe, zikiwamo kambi za Jinja na Mbarara. Waliuawa na watu waliovaa sare kama yao, waliokula nao katika meza moja. Raia nao hawakusalimika, na miongoni mwa waliouawa katika miaka hiyo walikuwamo ndugu zake mwenyewe Akii-Bua. Hata hivyo, serikali ilipolaumiwa kwa kuwaandama Walango, Amin alikuwa akimtaja bingwa huyo kama mfano wa Mlango anayestawi. Medali iliyopatikana kwa jasho la Kabale ikageuzwa pazia la kufichia makaburi.

Tujiulize, ndugu askari: mtu afanye nini akiwekwa katika hali hiyo? Akisema, anakufa, na pengine jamaa zake wote wanakufa naye. Akinyamaza, kimya chake kinatumiwa. Akii-Bua alikwenda kazini, akafanya mazoezi, akashindana. Mwaka 1973 alishinda dhahabu katika Michezo ya Afrika mjini Lagos, Nigeria. Hatumhukumu. Tunaeleza tu uzito wa mzigo aliokimbia nao, ambao haukuwa na kipimo cha kilo.

MONTREAL NA MOSCOW

Mwaka 1976 alitazamiwa kuitetea dhahabu yake mjini Montreal, Kanada. Alikuwa bado ndiye mwenye rekodi ya dunia, na alikuwa na umri wa miaka 26, umri mzuri kwa mrukaji wa viunzi. Kijana Mmarekani, Edwin Moses, alikuwa ametokea kwa ghafla, na ulimwengu wa riadha ulingoja kuwaona wakikutana.

Hawakukutana. Timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imekwenda kucheza Afrika ya Kusini, nchi iliyokuwa chini ya ubaguzi wa rangi. Nchi za Afrika zilitaka New Zealand izuiwe kushiriki, na zilipokataliwa, zaidi ya nchi 20 zilijitoa. Uganda ilikuwa mojawapo. Tarehe 25 Julai 1976 Moses alishinda fainali kwa sekunde 47.64, akaifuta rekodi ya Akii-Bua. Shabaha ya mgomo ule ilikuwa ya haki, kwani ubaguzi wa rangi ulikuwa uovu usio na udhuru. Lakini gharama yake ililipwa na watu kama Akii-Bua, waliojiandaa kwa miaka minne na kurejea nyumbani bila kufunga hata kamba ya kiatu. Askari anaijua hali hiyo: amri ikitoka kurudi nyuma, hurudi, hata kama yeye binafsi alikuwa tayari kusonga mbele.

Mwaka 1978 alipata medali ya fedha katika Michezo ya Afrika mjini Algiers. Mwaka huo huo, mwezi wa Oktoba, majeshi ya Amin yaliivamia Kagera, nchini Tanzania. Tanzania ilijibu, ikiwa pamoja na wapiganaji wa Uganda waliokuwa uhamishoni, na tarehe 11 Aprili 1979 Kampala ilianguka.

Hapo ndipo mtihani wa pili ulipomjia. Miaka minane aliishi kwa hofu kwa sababu alikuwa Mlango. Sasa, utawala uliowaua Walango ulipokuwa ukianguka, alikuwa na hofu ya kuhesabiwa mtu wa Amin kwa sababu ya cheo, nyumba na sifa alizopewa. Alichukua familia yake akakimbilia Kenya. Bingwa wa Olimpiki, ambaye jina lake liliandikwa kwenye barabara ya mji mkuu, akawa mkimbizi, akilala katika kambi ya wakimbizi na kungoja mgao kama wengine.

Wa kwanza kumnyanyua hakuwa serikali wala chama cha michezo. Kampuni ya viatu vya michezo ya Puma ilisaidia kumtoa kambini ikampeleka Ujerumani Magharibi na kumpa kazi. Mwaka 1980 alivaa tena rangi za Uganda katika Olimpiki ya Moscow, lakini hakufika fainali. Umri na misukosuko vilikuwa vimekwisha kufanya kazi yake. Na kwa kuwa safari hii Marekani ndiyo iliyogoma, Moses hakuwapo. Hivyo mabingwa wawili wakubwa kuliko wote wa mbio hizo katika miaka ya sabini hawakupata kamwe kusimama pamoja kwenye mstari wa Olimpiki, wakizuiwa mara zote mbili na mambo yasiyohusu mbio.

KURUDI KAZINI

Akii-Bua angaliweza kubaki Ulaya, kama walivyobaki wengi. Alikuwa na kazi na jina. Lakini katika miaka ya themanini alirudi Uganda, akajiunga tena na Polisi, akawa pia mwalimu wa riadha. Katika sehemu hii ya maisha yake hapakuwa na bendi wala bendera. Hata hivyo, kwa maoni yetu, kurudi kwake ni ushahidi mkubwa wa uaminifu wake kuliko hata mbio za Munich. Alirudi katika jeshi lile lile, kwa sababu alijua kutenganisha kati ya utumishi na watu waliopata kuuchafua utumishi huo.

Hakuwa tajiri. Alifiwa na mkewe, akabaki na watoto wa kulea. Tarehe 20 Juni 1997 alifariki katika Hospitali ya Mulago hapa Kampala, akiwa na umri wa miaka 47. Aliacha watoto 11. Serikali ilimpa mazishi ya kitaifa.

TUNAJIFUNZA NINI

Baada ya Munich, Uganda ilingoja miaka 40 kupata dhahabu nyingine ya Olimpiki. Ilipokuja, mwaka 2012 mjini London, aliyeileta alikuwa Stephen Kiprotich, mshindi wa marathoni, askari wa Magereza. Joshua Cheptegei, aliyeshinda mita 5,000 katika Michezo ya Tokyo iliyofanyika mwaka 2021 na mita 10,000 mjini Paris mwaka 2024, ni askari polisi. Njia iliyofunguliwa na Ochana kwa kiunzi na ufito haikufungika.

Kwa maofisa, maisha ya Akii-Bua yana fundisho la kwanza. Yeye alikuwa kuruta ambaye shule ilimshinda kwa kukosa baba, na ofisa mmoja mwenye jicho akamwona katika mstari wa kwata. Katika kila kundi la makuruta huenda yumo mwenye kipaji kama chake, awe wa mbio, wa ngumi, wa ufundi au wa kalamu. Ofisa asiyewatazama vijana wake ila wakati wa kuwaadhibu hatamwona.

Fundisho la pili ni la kila anayevaa sare, wa cheo cha juu na wa chini. Watu waliowaua ndugu zake Akii-Bua hawakutoka nchi nyingine. Walikuwa askari, wenye namba na vyeo kama sisi, waliokubali kwamba kabila la mtu ni kosa la kutosha kumwondolea uhai. Kikosi kikianza kuuliza kabila la askari kabla ya kuuliza utendaji wake, kikosi hicho kimekwisha kushindwa vita, hata kama hakijamwona adui.

Na fundisho la tatu linahusu heshima. Barabara na uwanja ni vitu vyema, na mazishi ya kitaifa ni haki ya shujaa. Lakini mtu aliyeletea nchi dhahabu alilala katika kambi ya wakimbizi, na aliyemkumbuka akawa mtengeneza viatu wa nchi ya mbali. Mwanamichezo wa jeshi au polisi akishavuka umri wa mbio bado ni askari wetu, na bado ana watoto wa kusomesha. Wapo kambini leo wazee waliopata kuivalia Uganda fulana yake uwanjani na ulingoni. Kuwajulia hali wakiwa hai hakuhitaji bajeti kubwa wala amri kutoka makao makuu.

Rekodi ya sekunde 47.82 ilikwisha kuvunjwa mara nyingi tangu mwaka 1976, kwa kuwa ndiyo desturi ya rekodi. Neno moja halivunjwi: aliyekuwa wa kwanza kushuka chini ya sekunde 48 alikuwa polisi wa Uganda, na alifanya hivyo akitokea njia ya ndani, nyuma ya wote.